Casimir Wojtalik na Mechi ya Saba Isiyochezwa

"Mvua ya asubuhi ile haikujaza hata kikopo cha kahawa," alisema marehemu Casimir Wojtalik akiwa kitandani hospitalini, Alhamisi ya tarehe 10 Oktoba 2019, saa tisa alasiri. "Uwanja ukawaje ziwa?"

"Mzee, huu mwaka wa arobaini na tano," alijibu Florian Hudak, aliyeketi karibu na dirisha, kofia gotini. "Maji yalishakauka, wewe bado unalilia mafuriko."

"Sililii. Nauliza."

"Unauliza kama polisi."

"Na wewe unajibu kama mwizi."

Jadwiga, mke wa marehemu, aliwaambia wote wawili kwamba hapo ni hospitali na si kilabu cha pombe. Hawakumsikia. Ubishi huo ndio uliokuwa wa mwisho kati yao, na jambo lililokuwa ndani yake ndilo jambo pekee ambalo marehemu alitaka kulijua kabla ya kufumba macho. Kwa hiyo, kabla ya kuueleza ulivyoisha, ni vyema ndugu na majirani wajue ulikoanzia.

Casimir alizaliwa Dunmoor, Pennsylvania, Ijumaa ya tarehe 4 Machi 1938, sikukuu ya mtakatifu aliyempa jina. Alikuwa mtoto wa pili wa Walenty na Apolonia Wojtalik. Uchungu ulimshika mama yake Jumatano, na katika siku hizo mkunga alirudi kwake mara mbili kukamua ng'ombe. Dada yake Bronisława, aliyekuwa na miaka sita, alikaa kwenye ngazi siku zote tatu, na anathibitisha kwamba mtoto alipotoka hakulia. Alitazama dari, akatazama taa, akamtazama mkunga, kisha ndipo akalia, kana kwamba alitaka kwanza kuhakikisha ameingia nyumba inayostahili.

Alisoma shule ya Parokia ya Mtakatifu Kunegunda kuanzia mwaka 1944 hadi 1952. Hakuwa mwepesi. Sista Benigna alimuuliza swali moja la mito ya Ulaya, akashindwa, akaandikiwa sifuri. "Sista," alisema, "niulize na kesho." Sista akauliza kesho, na keshokutwa, kwa ukaidi tu. Siku ya tano mtoto alijibu kwa kirefu, akataja mito, vijito, na visima vya watu binafsi, mpaka Sista akaomba kiti. Watu wa Dunmoor waliomjua wanasema maisha yake yote yalikuwa hivyo: siku ya kwanza hafai, siku ya tano hashikiki.

Ndiyo maana Juni ya 1956 ilimuumiza. Mtafuta vipaji wa timu moja kubwa ya besiboli alifika mjini kuwajaribu warushaji. Kila kijana alipewa mipira kumi. Mpira wa kwanza wa Casimir uling'oa kofia ya paroko. Wa sita ulikwenda makaburini, na haujapatikana mpaka leo. Yule bwana akaandika mstari mmoja, akafunga daftari, akapanda treni. Kesho yake Casimir alirudi kwenye uwanja mtupu, akasimamisha mkebe juu ya nguzo, akarusha mipira kumi, akaupiga mara kumi. Waliomwona ni dada yake na mbuzi wa jirani. Dada hakuaminiwa kwa sababu ana sifa ya kuongeza chumvi, na mbuzi hakuulizwa.

Tangu siku hiyo marehemu alikuwa na swali moja. Mtu atazamwe mara ngapi ndipo ajulikane?

Mwaka huohuo aliajiriwa katika kiwanda cha chuma, akawa mwendesha winchi, na alifanya kazi hiyo hadi kiwanda kilipofungwa mwaka 1984. Baadaye alitunza uwanja na bustani ya parokia mpaka miguu ilipokataa.

Alifunga ndoa na Jadwiga Pluta, binti wa mwoka mikate, tarehe 22 Juni 1963. Florian Hudak, kijana wa Vetterville, ng'ambo ya mto, alikuwa akimtaka binti huyohuyo. Jumapili ya kwanza Florian alifika na maua ya urujuani na viatu vinavyong'aa kama sahani. Casimir alifika akammwagia mama mkwe supu ya kiazi chekundu mapajani. Mzee Pluta akasema mambo yameisha, siku njema huonekana asubuhi.

"Asubuhi ya siku gani, baba?" Jadwiga alimuuliza. "Waje tena wote wawili. Mgeni siku mbili. Ya tatu mpe jembe."

Jumapili ya tatu aliwapa wote koleo la makaa ya mawe. Florian alikumbuka miadi mahali pengine. Casimir alijaza ghala, akafagia, akarekebisha mlango wa tanuri ambao hakuna aliyemwomba aurekebishe. Jumapili ya saba mama mkwe mwenyewe alimpakulia supu, ingawa alijitandikia taulo kwanza. Florian alikuwa msimamizi wa ndoa, na alicheza dansi ya polka mpaka kisigino cha kiatu kikang'oka.

Mashabiki wa besiboli wa pande zote mbili za mto wanakumbuka kwamba Casimir alikuwa kocha wa Dunmoor kuanzia 1965, na Florian kocha wa Vetterville. Bingwa wa ligi ya miji ya mtoni alipatikana kwa mechi moja tu, na Vetterville walikuwa na Leopold Drozd. Drozd alirusha mpira kwa nguvu kiasi kwamba mdakaji wake aliweka kipande cha nyama ya ng'ombe ndani ya glavu ili kulinda kiganja, na mechi ikiisha nyama ilikuwa imeiva. Katika fainali tisa, Vetterville walitwaa nane.

Casimir hakuwa na Drozd. Alikuwa na warushaji wanne wa wastani: mchinjaji, tarishi, mpiga kinanda wa kanisa, na dereva wa lori la maziwa. Lakini alikuwa na penseli. Aliona kwamba katika mechi moja, timu yenye mtu mmoja inatosha. Katika mechi tatu, mtu huyo anarusha mara moja na nusu. Katika saba, zikifuatana siku kwa siku bila mapumziko, mkono wa Drozd ungeweza mechi mbili tu, na zile tano nyingine Vetterville wangelazimika kujitambulisha. Kidole kimoja hakivunji chawa. Kila majira ya baridi alipeleka karatasi zake kwenye kamati ya ligi, na kila majira ya baridi Florian alisimama kumpinga.

"Mwanamume hujibu siku aliyoitwa," Florian alisema.

"Na akiitwa siku ana homa?"

"Basi ni bahati yake."

"Ndicho ninachouliza, Florian. Tunatafuta bingwa au tunatafuta mwenye bahati?"

Mwaka 1974 kamati ilichoka, ikakubali mechi saba, katika wiki ya likizo ya kiwanda, Jumatatu tarehe 9 hadi Jumapili tarehe 15 Septemba.

Yaliyofuata yalimshangaza hata yeye. Alidhani urefu utabadilisha hesabu tu, kumbe ulibadilisha watu. Jumatatu Drozd aliwafunga mdomo Dunmoor, na kelele ilikuwa ile ya kila mwaka. Jumanne na Jumatano Dunmoor walishinda. Alhamisi Drozd alirudi, akashinda, lakini wapigaji wa Dunmoor walikuwa wamekwisha kumsoma. Waligundua kwamba kabla ya mpira wa kasi hulamba mdomo. Ijumaa Dunmoor walishinda. Jumamosi Vetterville nao walikuwa wameujua mpira wa polepole wa tarishi kama wanavyojua hodi yake, wakaupiga mpaka akaomba maji. Tatu kwa tatu. Marehemu alisema jioni hiyo kwamba mechi ya kwanza ni salamu, ya tatu ni ugomvi, na kufikia ya sita mnajuana kama mtu na mkewe, hakuna wa kumdanganya mwenzake. Katika hilo la mwisho alikosea.

Jumapili asubuhi kulikuwa na manyunyu, lakini uwanja wa Dunmoor ulikuwa bwawa. Kwa desturi, kocha mwenyeji ndiye huamua kama kiwanja kinachezeka. Jumatatu kiwanda kilikuwa kinafunguliwa, hivyo mechi ikiahirishwa ingesogea hadi Jumapili nyingine, na Drozd angekuwa amepumzika siku kumi. Watu elfu mbili walikuwa wamekuja na vikapu vyao. Casimir akaamuru petroli.

Wenye umri mnakumbuka kwamba kukausha tope la besiboli kwa kumwaga petroli na kuiwasha ilikuwa kazi ya kawaida. Madumu mawili yalitosha. Marehemu alimwaga kumi na moja. Moto ulikausha uwanja, ukakausha mabenchi, ukakausha ubao wa matokeo na uzio wote wa upande wa mto. Kwenye kibanda cha akina mama wa parokia, soseji mia nne ziliiva kwa mkupuo, na waliozila wanasema hazijawahi kuwa tamu vile. Hakuna aliyeumia, kwa sababu gari la zimamoto la Vetterville, lililopaswa kuvuka daraja na kuzunguka kilima, lilifika ndani ya dakika mbili, Florian mwenyewe akiwa juu yake, kwani alikuwa mzimamoto wa kujitolea. Paroko aliitaja kasi hiyo kwenye mahubiri.

Mechi haikuchezwa. Mwaka uliofuata ligi ilivunjika. Kwenye orodha ya mabingwa, mwaka 1974 una mstari mtupu.

Kuanzia hapo marehemu aliweka kikopo cha kahawa nyuma ya nyumba na kupima kila mvua iliyonyesha Dunmoor. Alijaza madaftari thelathini na moja. Wajukuu walipomuuliza, alisema anataka kujua mvua ya namna gani hujaza uwanja ule kwa kiasi kile. Katika miaka arobaini na mitano hakuipata.

Machi 2018 moyo wake ulianza kuchoka. Daktari alimpima mara moja akampa miezi sita. "Kipimo kimoja?" marehemu aliuliza. "Daktari, nipime mara saba kisha tuzungumze." Aliishi miezi kumi na tisa. Familia inawashukuru wauguzi, hasa kwa kuvumilia pierogi, zile sambusa za Kipolandi za kuchemsha, zilizoingizwa wodini ndani ya mikoba ya akina mama.

Tunarudi sasa Alhamisi ile, saa tisa.

"Florian," marehemu alisema, "nina neno. Petroli ile sikuwasha kwa ajili ya watu waliokuja. Watu wangerudi wiki iliyofuata. Niliwasha ili Drozd asipate kupumzika. Nimewaacha wanisifu miaka yote hii."

Florian aligeuza kofia gotini. Akaigeuza tena.

"Drozd alikuwa hana mkono, Casimir. Tangu Alhamisi. Hakuweza kuinua kijiko. Mkewe alimlisha."

Marehemu alijaribu kuketi. Jadwiga akamwekea mto.

"Hana mkono," alirudia.

"Hana. Nilihitaji wiki moja apone. Sasa mimi mzimamoto, nina ufunguo wa gari." Florian alitazama dirishani. "Nilivuka daraja kabla jua halijachomoza, nikaufungulia uwanja wako mpira wa maji. Saa nzima. Nikaficha gari nyuma ya kanisa nisubiri uahirishe. Badala yake naona moshi."

Bronisława, dada wa marehemu, aliyekuwa akifuma kwenye kona, alidondosha sindano. Jadwiga akasema, "Ndiyo maana dakika mbili."

"Ndiyo maana dakika mbili," Florian alikiri. "Na paroko akanisifu. Unadhani wewe peke yako umekula sifa ya bure?"

Marehemu alicheka. Alicheka mpaka mashine ya kando ikaanza kupiga kelele, akaipungia mkono inyamaze. "Madaftari thelathini na moja," alisema. "Napima mawingu, kumbe wingu lina leseni ya kuendesha."

"Kwa hiyo umepata jibu. Sasa nipe langu. Lako lilikuwa maji, langu ni hili: Drozd hana mkono, na wewe tarishi wako kapigwa jana yake. Uwanja ungekuwa mkavu, nani angeshinda?"

Casimir akaacha kucheka. Alitazama dari, akatazama taa, akaanza kuhesabu kwa vidole: mchinjaji siku tatu za mapumziko, mpiga kinanda siku mbili, upepo wa kutoka mtoni. Uso wake ulikuwa kama wa siku ya tano ya Sista Benigna. Alifika kidole cha saba, akakishika.

"Kama ndivyo," alisema, "basi naona ange—"

Mlango ukafunguliwa, muuguzi akaingia na sinia la dawa. "Babu zangu, muda wa kuona wagonjwa umekwisha," alisema. "Mengine kesho."

"Kesho, Florian," alisema marehemu, akiwa bado ameshika kidole. "Niulize na kesho."

Casimir Wojtalik alifariki Ijumaa, tarehe 11 Oktoba 2019, saa mbili asubuhi, mkewe akiwa amemshika mkono. Alikuwa na umri wa miaka 81. Florian alifika saa tatu, viatu vikiwa vimeng'arishwa.

Ameacha mjane, Jadwiga. Watoto watatu, Teodor, Halina na Roman. Wajukuu saba, idadi aliyodai aliipanga yeye. Dada yake, Bronisława. Madaftari thelathini na moja. Na Florian Hudak wa Vetterville, ambaye anatembea mbele ya jeneza leo na bado hajajibiwa.

Mungu ampumzishe kwa amani, na mvua imwangukie kwa kiasi. Hesabu inabaki tatu kwa tatu.