Joëlle Mwansa na Karatasi ya Shule

Ndugu, majirani na marafiki, familia imenituma niwasomee maisha ya Joëlle Mwansa, na kwa kuwa yeye mwenyewe alipenda kucheka, atakayecheka asione haya.

Joëlle alizaliwa Mitwaba tarehe 3 Mei 1989, kifungua mimba wa Baba Paulin, katekista wetu wa mtaa huu wa Bel-Air, na Mama Brigitte. Walihamia Lubumbashi mwaka 1998, shule ikamkataa kwa sababu umri ulikuwa umezidi, basi baba yake akaandika kwenye karatasi ya shule kwamba alizaliwa 1991, akatia sahihi, na Septemba hiyo Joëlle akaingia darasa la kwanza, mrefu kuliko wote.

Tangu 2010 alichora vibao vya maduka, kisha akaanza kutunga hadithi za kuchezwa kwenye simu, ambamo msomaji ndiye anayechagua kinachofuata. Tarehe 17 Agosti 2013 alifunga ndoa na Adalbert Ngosa, wakajaliwa watoto wawili, Chama na Daniella, na kwaya ilimpenda sana ingawa, tuseme ukweli, sauti haikuwapo.

Mwaka 2022 alitoa mchezo wa mama anayetaka mwanawe asome, na kila mama huyo anapodanganya, kitenge chake kinapauka kidogo, bila maelezo yoyote, wala hapakuwa na njia ya kumfikisha mtoto darasani ila kwa kutia sahihi karatasi ya uongo. Baba Paulin alijiona katika mama huyo, akaona aibu mbele ya parokia, akaagiza sehemu hiyo ifutwe, naye Joëlle akaifuta kwa heshima, mtoto wa mchezo akawa anapokewa shuleni kirahisi, jambo ambalo hakuna mzazi wa Bel-Air aliyeliamini, na tangu hapo baba na binti wakaacha kutembeleana.

Novemba 2025 figo zilianza kumsumbua. Tarehe 2 Februari 2026 Baba Paulin alifika hospitalini, akaketi kando ya kitanda, akamwambia, "Rudisha ile sehemu, mwana wangu. Mi njo nilidanganya, mi mwenyewe, na ule uongo njo ulikusomesha." Joëlle alicheka mpaka muuguzi akaja kuangalia, akaomba kompyuta, akairudisha siku hiyohiyo, na tarehe 9, saa nne asubuhi, akatutoka.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi, majirani waliopika tangu Jumatatu, na wachoraji wenzake waliofunga duka ili wawe nasi. Baba Paulin ameomba tuongeze kwamba wiki hii ameucheza mchezo huo mara mbili, akitafuta kwa bidii njia nyingine, na mara zote mbili ametia sahihi. Joëlle wetu, pumzika kwa amani, baba yako ameridhika.