Bi Sheikha wa Rumonge, Aliyeigiza Kila Mtu Isipokuwa Mama Yake

Kwa jina la Mwenyezi Mungu. Ndugu, jamaa, majirani, na nyinyi mliokuja kwa mitumbwi kutoka Magara na Nyanza, leo tunaondoa matanga ya mama yangu mkubwa, Bi Sheikha binti Murshid. Mimi ni Asmani, mtoto wa mdogo wake, Asiya. Nimeambiwa nisome maisha yake kwa adabu na bila kurefusha. Adabu nitajitahidi. Kurefusha mnisamehe, maana marehemu mwenyewe hakuwahi kusema jambo kwa ufupi.

Marehemu alizaliwa hapa Rumonge mwezi wa Rajabu mwaka 1290, ambao Wazungu wanauita 1873. Baba yake alikuwa Murshid bin Abdul, Mwarabu wa asili ya Omani, aliyetoka Ujiji kuja kununua pembe za ndovu. Mama yake alikuwa Nahimana, Mrundi wa Gatete, mwuza mawese. Siku ya ndoa Nahimana alisilimu akaitwa Mariyamu, lakini sokoni hakuna aliyelishika jina hilo. Alikuwa na desturi moja inayokumbukwa mpaka leo: akifika mlangoni kwa mtu na chungu chake kichwani, hakukitua mpaka asalimie nyumba nzima, mmoja mmoja, hadi mtoto wa mgongoni. Shingo iliuma, mawese yalimtiririka shavuni, naye bado anauliza hali ya mkweo. Mtoto wake alitoka na rangi ya baba na maneno ya mama. Murshid alirudi Ujiji binti yake akiwa bado mdogo, na huko akafariki. Nahimana aliolewa tena na mvuvi wa hapa, akamzaa Asiya mama yangu.

Marehemu alisoma chuoni kwa Mwalimu Hadji, Mungu amrehemu. Alihitimu Kurani, ingawa wenzake wanasema alihitimu zaidi kumwiga mwalimu. Siku moja Mwalimu Hadji alitoka kwenda kutawadha, na huku nyuma watoto wakasikia kikohozi chake, kisha sauti yake ikiwaamuru wasimame wote wanyooshe mikono. Wakasimama. Mwalimu aliporudi aliwakuta wamenyoosha mikono mbele ya binti mdogo aliyefunga kilemba cha kitambaa cha kuchujia mawese. Alimchapa, akatoka nje, na waliokuwa karibu na dirisha walimsikia akicheka peke yake.

Kazi yake aliianza mwaka 1892 katika chama cha ngoma cha wanawake, kilichoongozwa na Bi Kadidja. Wengi wenu mnakijua, maana hakuna harusi ya maana pwani hii ya ziwa iliyofanyika bila wao. Alasiri ya siku ya pili ya harusi waliingia uani na vichekesho: mume mlevi, mke mwenza, kadhi asiyesikia vizuri. Sheikha alipewa kucheza Mwarabu. Alimcheza vizuri mno, na hapo ndipo shida ilipoanza, kwa sababu mtu akishazoea kukuona mlango fulani hakuelewi ukitokea mlango mwingine. Harusi za watu weusi zilimtaka awe Mwarabu. Waarabu wenyewe wakimwalika walimtaka awe mjakazi. Walipokuja Wadachi wakajenga boma Usumbura, watu wote kwa pamoja, weusi na Waarabu, wakamtaka awe Bibi wa Mzungu, na wakati huo hakuna mtu hapa aliyewahi kumwona bibi wa Mzungu hata mmoja. Alimtunga mwenyewe, kwa unga wa muhogo usoni na mwavuli wa majani ya mgomba, bibi anayeogopa kuku na kumpigia saluti mbuzi. Pwani nzima ilivunjika mbavu. Hata bwana mmoja wa serikali alipofanya karamu alimwita marehemu akachekeshe wageni wake, lakini yeye alisema hataki Bibi wa Mzungu, anataka Mwarabu. Kila aliyemwita alimtaka awe mtu wa kwa jirani.

Nami nasema wazi, jamaa, kwamba lilimuuma. Alikuwa akicheka na nyinyi uani, akirudi nyumbani anakaa na unga wake usoni mpaka unakauka na kupasuka. Alitamani jambo moja tu. Alitaka kumcheza mama wa Kirundi mwenye chungu cha mawese, asiye mwovu wala mjinga, mtu wa hapa tu anayesalimia watu, na watu wamwamini. Nahimana alifariki mwaka 1904, na tangu mwaka huo marehemu hakuacha kuomba sehemu hiyo. Mama yangu alikuwapo siku alipoomba mara ya kwanza. Bi Kadidja, ambaye hakuwa mtu mbaya, alimshika mkono akamwambia, "Mudogo wangu, weye rangi yako iko ya kigeni. Ukibeba chungu watasema Mwarabu amemwibia mutu mawese. Acha, tule kwa ile tunayoijua."

Marehemu akamjibu, "Ego, sawa, dada. Lakini ile munayoijua, miye siijui. Ninaicheza tu."

Ndoa yake ilikuja kwa kosa, na yeye alipenda kuisimulia kuliko mtu yeyote. Mwaka 1894, Shafii, fundi wa mitumbwi kutoka Ujiji, alikuwa akipita nyuma ya ua wa harusi, akasikia mzee wa Kiarabu akimtukana mwanamke kwa matusi mazito. Shafii hakustahimili. Aliruka ua na shoka lake mkononi, akapaza sauti, "Muache uyo mama, mzee, uogope Mungu!" Akajikuta katikati ya wanawake tu, na mzee wa Kiarabu ni msichana wa miaka ishirini na moja mwenye ndevu za katani. Wanawake walimfukuza kwa michi. Baada ya wiki alileta posa, na aliyepokea posa alimuuliza kama anamposa binti au mzee. Ndoa ilifungwa hapa Rumonge mwezi wa mfunguo mosi mwaka huohuo. Walijaliwa watoto watatu, mmoja akatangulia mbele ya haki akiwa mchanga. Bwana Shafii hakuwahi kumkataza kazi yake. Alimchongea hata chungu cha mti, chepesi, mfano wa chungu cha mawese, akisema siku watakapokubali asiumie shingo. Chungu hicho kilikaa juu ya kabati miaka mingi kikipata vumbi.

Mwaka 1913, mwezi wa Juni, Bi Kadidja aliugua, na chama kikaalikwa harusi Magara bila yeye. Marehemu aliondoka na chungu kile chini ya kanga yake. Alasiri ilipofika zamu yake, watu wakaanza kupiga makofi wakimwita Bibi wa Mzungu. Akatoka uso mtupu, bila unga, amejifunga nguo ya Kirundi, chungu kichwani. Mtu mmoja akapiga kelele, "Bibi wa Muzungu amepotea njia!" Wakacheka wachache. Marehemu alianza mwisho wa mkeka wa kwanza, akasalimia. "Amahoro, mama. Na mutoto iko muzima? Na ule wa mugongoni?" Akaenda kwa wa pili, na wa tatu, na chungu hakikutua. Mama yangu, aliyekuwa akipiga ngoma, anasema aliacha kupiga bila kujua.

Kisha marehemu akakaa chini taratibu, chungu bado kichwani, akalala usingizi.

Watu walicheka mpaka wakagaragara. Walidhani huo ndio utamu wenyewe, mama aliyechoka kusalimia mpaka akalala. Walicheka hata chungu kilipoanguka. Ni mama yangu peke yake aliyemsogelea, akamtikisa, akaona haamki.

Yalikuwa malale. Nyinyi wa pwani hii hamhitaji kuelezwa ugonjwa huo, kwa kuwa hakuna nyumba hapa ambayo haukuingia. Alipelekwa kambi ya wagonjwa wa malale akapigwa sindano, akapata nafuu, akarudi, akaugua tena. Macho yakafifia. Siku nyingine alilala tonge likiwa mkononi. Akizinduka, swali lake lilikuwa lilelile, na alimuuliza mdogo wake: "Asiya, kule Magara, walicheka?"

"Walicheka, dada."

"Walimucheka mama, ama walinicheka miye kulala? Walimuona mama?"

Mama yangu hakuweza kumwambia uongo, na ukweli hakuujua. Alimwambia, "Dada, miye nilikuwa nakuangalia weye." Marehemu alifumba macho, akageukia ukutani. Hilo ndilo lililomsumbua hadi mwisho, zaidi ya maumivu, zaidi ya vita vya Wazungu vilivyokuwa vikinguruma ziwani. Alifariki nyumbani kwake, mikononi mwa mumewe, asubuhi ya Ijumaa, tarehe 12 Machi 1915, ambayo ni tarehe ishirini na tano mfunguo saba. Tulimzika siku hiyohiyo baada ya sala ya Ijumaa.

Wasifu wangu ungeishia hapa, lakini yaliyotokea mlangoni siku ya maziko hamkuyaona nyote, na mimi siwezi kuyaacha.

Mnajua kwamba kwetu maiti haitoki nyumbani mpaka mtani wake aseme neno. Mtani huziba mlango, humwiga marehemu, huwaudhi wafiwa mpaka anayelia acheke. Lakini utani hufuata kabila la baba, na Waarabu hawana watani hapa. Marehemu mwenyewe alikuwa akilisema hilo kwa mzaha: "Miye niliyechekesha matanga ya kila mutu, yangu yatakuwa makavu." Basi tulibeba jeneza tukijua hakuna wa kutuzuia. Tulipofika mlangoni tukamkuta kikongwe amelala kizingitini, chungu cha mawese pembeni mwake. Alikuwa Bibi Bucumi wa Gatete, wa ukoo wa watani wa Nahimana. Alikuwa ametembea tangu habari ilipomfikia asubuhi ile, na wanawake uani walikuwa wamekwisha kumsimulia swali la marehemu.

Wanaume wakamwambia, "Inuka, bibi, tumechelewa." Akafumba macho, akakoroma. Kisha, kwa sauti ya mama mkubwa kabisa, sauti iliyotusimamisha nywele, akasema, "Niacheni, niko na usingizi. Walicheka?"

Mama yangu, ambaye tangu asubuhi alikuwa mkavu kama gogo, aliangua kicheko. Kicheko kikageuka kilio, na nyumba nzima ikamfuata.

Bibi Bucumi akakaa, akamnyooshea kidole Mwalimu Nasoro, ambaye alikuja kwetu mwaka jana tu kutoka Ujiji. "Weye mwalimu, kule kaburini utamuita mutoto wa nani?"

Mwalimu alibabaika. Kaburini, katika talakini, yale maneno anayosomewa maiti akishazikwa, maiti huitwa kwa jina la mama yake, na asiyejulikana mama yake huitwa mtoto wa Hawa. Mwalimu alikuwa amemwona marehemu rangi yake, akasikia jina la Murshid, akadhani mama alikuwa mjakazi aliyesahauliwa, na akaona haya kuwauliza wafiwa. Akajibu kwa unyenyekevu, "Nitamwita binti Hawa, bibi."

"Uyo Hawa anauza mawese wapi?" Bibi Bucumi akamuuliza. "Mama yake alikuwa Nahimana. Miye iko mutani wa Nahimana, na mutoto wa Nahimana iko mutani wangu, hata awe mweupe kama unga. Sitoki hapa mupaka uniahidi."

Mwalimu akaahidi. Bwana Shafii akamwinamia kikongwe, akamuuliza taratibu ni nani aliyemtuma.

"Nilikuwa Magara," kikongwe akasema. "Nilikaa mukeka wa mbele. Alikuja na chungu, akaniuliza mutoto iko muzima. Nikasema, oo, Nahimana amerudi. Nikamuitika amahoro, na machozi yananitoka, kabla hajalala. Nilikuwa nadhani anajua. Murakoze, asante, baba, sasa mupite." Akasogea.

Mwalimu Nasoro alitimiza ahadi. Sisi tuliosimama kaburini tulimsikia akiinama na kuita kwa sauti isiyotetemeka: "Ewe Sheikha binti Mariyamu, ewe binti Nahimana." Maisha yake yote alikuwa binti Murshid, Bi Mwarabu, Bibi wa Mzungu. Siku ile aliitwa kwa mama yake, mbele ya watu wa pwani nzima, na hakuna aliyecheka.

Marehemu ameacha mume, Bwana Shafii, binti yake, Hindu, mwanawe, Amissi, mdogo wake, Asiya, Bi Kadidja, ambaye bado yu kitandani na ameomba aletewe kile chungu cha mti, na mtani wake, Bibi Bucumi wa Gatete. Mwenyezi Mungu amsamehe makosa yake, amlaze panapo wema, na usingizi huu uwe wa raha.

Mama mkubwa, uliuliza sana, na hatukuwa na jibu. Walimwona.