Bahizire Murhula, Dereva wa Wageni

Marehemu Bahizire Murhula alizaliwa Kabare, Kongo, tarehe 14 Machi 1948. Alisoma kwa mapadri hadi darasa la sita, akatoka na Kifaransa kizuri na mwandiko mbaya. Mwaka 1964 alivuka mpaka wa Gatumba kuingia Burundi na baba yake mdogo, akawa mtu wa Bujumbura.

Mwaka 1972 aliajiriwa udereva na ajansi moja ya utalii, mtaani Rohero. Aliwapeleka wageni mtoni Rusizi kutazama viboko, akizima injini na kuwaamuru wanong'one, eti kiboko hapendi Kifaransa kibovu. Walimtii. Mwaka 1975 alimuoa Dorothée, ambaye hakumtii hata siku moja.

Rais alipouawa Oktoba 1993 na vita kuanza, watalii walikatika. Wachache waliokuja hawakutaka viboko. Walitaka nyumba zilizoungua na, wakibahatika, maiti. Tuseme wazi: inachefua. Na marehemu, mwenye watoto watatu wa kulisha, aliwapeleka.

Agosti 1997 alimpeleka mgeni mmoja aliyefikia mtaa wa Kiriri hadi kilioni Buterere, kwa Mama Léoncie, ambaye binti yake wa miaka saba alikuwa amepigwa risasi. Kwetu anayekuja kutoa pole hafukuzwi, na marehemu alisema huyu amekuja kutoa pole. Mgeni akapewa kiti, akapewa maji, akapangwa kwenye mstari wa kumuaga mtoto. Alipofika akatoa kamera, akampiga picha usoni. Miezi miwili baadaye ikaja bahasha kutoka Ulaya: picha ile ile, imekuzwa, pamoja na shukrani kwa safari isiyosahaulika. Siku hiyo hiyo Bahizire akaacha kazi.

Picha aliipeleka kwa Léoncie.

"Mama, nilikudanganya. Ule mugeni alikuya kuona tu."

"Geuza iyo picha, mutoto apumzike," alisema Léoncie. "Na mu nyumba yangu usiingie tena."

Tangu hapo alishona viatu Bwiza. Figo zilianza kumsumbua mwaka 2001, akafariki tarehe 9 Mei 2002. Aliagiza jeneza lifungwe, mtu yeyote asimtazame, isipokuwa Léoncie, kama atakubali kuja.

Ameacha mjane, Dorothée, watoto watatu, Prodige, Gaëlle na Patricia, na wajukuu wawili.

Léoncie alikuja jana. Aliingia peke yake, akakaa naye kitambo, akamfunika uso kwa kitenge chake, kisha akamwambia fundi wa jeneza apige misumari. Alale salama, asitazamwe tena.