Mwalimu Wabuge na Sura ya Sita

Mwalimu Maurice Wabuge Nyongesa alizaliwa tarehe 14 Machi 1958 huko Kimilili, mtoto wa tatu wa marehemu Mzee Paul Nyongesa na marehemu Mama Selpha. Mimi ninayewasomea wasifu huu wake ni Nabalayo, dada yake mdogo, muuza viazi wa Kesses. Aliagiza nisome mimi, na nisiharakishe.

Alianza shule mwaka wa 1965. Siku moja Mama alimwambia apange mahindi ya mbegu kwa safu zilizo sawa. Yalikuwa kumi na matatu. Alipanga, akapangua, hadi chakula kikapoa, ndipo akaja kutangaza kwamba kumi na tatu ni namba kaidi. Alimaliza kidato cha sita mwaka wa 1977, akasomea ualimu Nairobi.

Alihamia Eldoret mwaka wa 1982 na kufundisha hesabu katika shule za pande hizi, ya mwisho ikiwa Ainabkoi, hadi alipostaafu mwaka wa 2018. Alifunga ndoa na Musimbi tarehe 22 Agosti 1987. Walijaliwa Elphas na Ashley, na hakuna hata mmoja aliyependa hesabu. Hilo alilivumilia kwa utani mwingi.

Baada ya kustaafu alianza kuandika kitabu cha hesabu kwa watu walioikimbia hesabu. Kila sura alitusomea mezani kwake, kisha akatupatia kalamu nyekundu tumsahihishe. Hatukumhurumia. Kila alipoandika "ni dhahiri kwamba", nilipiga mstari.

"Kama ni dhahiri, mbona unaniambia?" nilimuuliza.

"Haya mama, nimefeli," alisema, akaiandika upya sentensi.

Sura ya sita ndiyo iliyomtoa jasho. Alitaka mtu kama mimi aelewe kwamba namba shufwa, yaani mbili, nne, sita na kuendelea bila mwisho, ni nyingi sawa na namba zote za kuhesabia. Nikampa alama mbili kwa kumi. Aliandika upya mara tano, na mara zote tano aliniacha njiani.

Juni 2024 aligunduliwa kuwa na saratani ya umio. Alikonda, sauti ikapotea, lakini kitabu alikataa kukichapisha bila sura hiyo. Nakiri niliogopa kwamba angekufa ikiwa imemshinda, na kwamba kosa lingekuwa la kichwa changu kigumu.

Tarehe 3 Februari 2025, hospitalini Plateau, Musimbi alinisomea jaribio la mwisho, Mwalimu akinitazama usoni. Aliandika kwamba ukitaka kujua kama viti vya matanga vinatosha, huna haja ya kuhesabu. Waambie watu waketi. Asipobaki mtu amesimama wala kiti kitupu, watu na viti ni sawa. Basi namba zote ziwe watu, na namba shufwa ziwe viti: moja ikae kwenye kiti cha mbili, mbili kwenye kiti cha nne, tatu kwenye kiti cha sita, na kuendelea.

Mama Kiplimo, aliyekuwa akimuuguza mumewe kitanda cha pili, akaingilia.

"Lakini hizo zingine si mmeziacha nje?"

Nikamjibu kabla ya Musimbi. "Hakuna imebaki nje. Nitajie yoyote nikuonyeshe kiti yake."

"Mia."

"Iko kwa kiti ya mia mbili."

"Milioni!"

"Milioni mbili. Hata ukitaja mpaka kesho, mama, kila moja iko na kiti yake."

Mama Kiplimo akacheka. "Aki, kumbe hesabu ni hivi tu?"

Mwalimu alifumba macho, machozi yakamtoka. Nikachukua kalamu, nikampa kumi. Jioni hiyo alimwashiria Elphas apeleke kitabu kwa wachapishaji.

Alifariki tarehe 12 Februari 2025, saa nne asubuhi, Musimbi akiwa kando yake. Nimelia sana. Lakini sitawaficha, nimepumua pia, kwa kuwa maumivu yamekwisha na kazi yake aliimaliza.

Amemwacha mjane wake Musimbi, watoto Elphas na Ashley, wajukuu wanne, mimi dada yake, na wanafunzi wengi ambao yeye mwenyewe hakuwahi kuwahesabu.

Pumzika, Mwalimu. Tumeelewa.