Vidole Vilivyotuliza Picha

Baada ya miaka thelathini ya kazi, Alhamisi tarehe 31 Machi 1927, Bi Winifred Tuppen atavua aproni yake katika chumba cha giza cha Kiwanda cha filamu cha Garrod, hapa mjini Hove, na hataivaa tena.

Aliajiriwa mwaka 1897 kutoboa matundu pembeni mwa filamu, kwa mkono, penye taa nyekundu isiyomulika kitu. Siku hizo sinema zetu zilikuwa aibu tupu. Picha zilirukaruka, filamu zilichanika, watazamaji wakazomea. Mafundi waliulaumu mtambo wa kuonyeshea picha, wakapiga tupa kila kitu isipokuwa kiburi chao.

Bi Winnie, aliyezoea kuona kwa vidole, alilaza filamu iliyooshwa na kukauka juu ya filamu mpya. Kufikia tundu la arobaini, matundu yalikuwa yameachana. Kumbe filamu hunywea ikikauka, na meno ya gurudumu linalovuta filamu mtamboni yalikatwa kwa kipimo cha filamu mpya! Akamwendea msimamizi, Bwana Akehurst.

"Bi Winnie, wewe toboa. Kufikiri tuachie sisi."

"Haya, fikirini basi. Ila msikawie, baba, watu wanazomea."

Wiki tatu baadaye meno yalikatwa kwa kipimo chake, na picha zikatulia. Hataza, ile hati ya kumiliki ugunduzi, ilitoka kwa jina la Bwana Garrod, mwenye kiwanda. Bi Winnie alipewa keki ya zabibu, akatugawia. Mimi nilikula kipande changu na sikusema neno, na hadi leo naona haya.

Kile chumba kimemmaliza macho. Januari hii aliniomba nimpeleke makumbusho ya mji, ulikowekwa mtambo wetu wa kwanza. Tulipofika mbele ya kabati la kioo, alinibana mkono.

"Wameniandika?"

Nikamsomea kadi: mtambo huu ulitengemaa kwa ugunduzi wa Winifred Tuppen. Alitaka nirudie, nikarudia, naye akalia kwa furaha.

Atakayemsomea Bi Winnie jarida hili la kiwanda, namsihi aruke aya hii. Kadi ile ina jina la Bwana Garrod peke yake. Nimewaandikia wenye makumbusho mara mbili. Wanataka hati, na hati zote ni za Garrod.

Aanzie hapa: Bi Winnie, sisi tuliokuwapo tunajua. Asante. Tunakuombea uzee wa raha, na watu wa kukusomea vizuri.