Kisima cha Fulgensi Kimefungwa

Kijiwe cha Kwa Spoku, pale njia ya sokoni inapokutana na ile ya kivukoni, ni ubao mmoja tu ulioegemea ukuta wa fundi baiskeli, na ubao huo umebeba maneno mengi kuliko ofisi zote za Ifakara. Asubuhi hiyo ya mwezi wa tano mwaka tisini na nne, masika yamekwisha na barabara bado ni tope tupu, Fulgensi alifika amefura. Hakumsalimu mtu. Jana bwana afya alikuja uani kwake, akakipigilia mbao kisima chake, akachora msalaba mwekundu juu ya mbao hizo, akapanda baiskeli yake akaenda zake. Kisima alichochimba marehemu baba yake! Nyumba kumi na nne zilikitegemea. Watoto sita wa mtaa walikuwa wanaugua kuhara, na lawama yote ikaangukia uani kwake huku majirani wakitazama.

— Msalaba, jamani! alisema akikaa. Kama kaburi!

Tamimu muuza kahawa akamjazia kikombe upesi.

— Kunywa kwanza, mzee wangu. Leo maji nimechota kule msikitini, wamenipimia kopo moja tu.

— Ndiyo maana haina ladha, akasema Anselim, fundi mwenyewe, ambaye mtaa mzima unamwita Spoku. Hakuinua macho kutoka kwenye tairi alilokuwa akilitia kiraka. Maji ya Fulgensi yalikuwa yanakolea.

— Umesikia, Tamimu? Yanakolea! Miaka thelathini watu wanayanywa, wanazaa, wanazeeka. Leo ndiyo yamekuwa sumu?

— Tatizo siyo kisima, akasema Dionisi. Huyu walimwita Redio, kwa sababu hulala na redio sikioni na kuamka anajua kila kitu nusunusu. Tatizo ni anga. Wametangaza kwamba anga ina tundu. Uchafu wa dunia nzima unapanda, ukifika kwenye tundu unarudi. Sasa unarudi wapi? Bondeni. Na bonde ni sisi.

— Kwa hiyo tufanyeje, tulizibe kwa turubai? akauliza Spoku.

— Mji utakaodumu ni ule uliozibwa juu. Mimi nasema nilichosikia.

Twalib mwenye duka akasonya. Alizaliwa Kilwa, na hajawahi kulisamehe bonde hili kwa kukosa bahari.

— Mnahangaika na anga, na mtaro huo hapo umejaa mifuko ya nailoni! Mji ni mitaro. Kwetu Kilwa mvua ikinyesha, saa moja tu barabara imekauka, nyeupe.

— Na mifuko hiyo inatoka wapi, kama siyo dukani kwako? akauliza Redio.

— Mimi nauza sukari. Mfuko nampa mteja kwa wema wangu.

Fulgensi alipiga ubao kwa kiganja hata vikombe vikaruka. Longolongo hizi zilimchefua. Mtu kafungiwa maji, wenzake wanazungumzia Kilwa!

— Wenye makosa ni hao wa ofisini! Bomba walituahidi tangu mimi sijaota ndevu. Liko wapi? Mtaro mmoja wamechimba? Wanachojua ni kuja na kopo la rangi. Hawajengi, wanachora!

— Hapo umesema, akaafiki Spoku, na sasa akaliweka tairi chini kabisa. Huu mji tumeujenga sisi. Zamani hapa palikuwa na vibanda vya udongo. Leo kila mtu ana nyumba ya matofali ya kuchoma, na udongo umetoka uani kwake mwenyewe. Shimo likibaki, tunalifanya choo. Hakuna kilichopotea! Ulaya watu wanakwenda chuo kikuu kusomea mambo hayo, sisi tunayafanya bila cheti.

— Mimi nilifyatua elfu saba, akasema Fulgensi, na kwa mara ya kwanza asubuhi hiyo kifua kikamtanuka. Shimo moja.

— Kuni za kuchomea je? akauliza Redio. Misitu si mmeimaliza? Mimi nina dawa. Shamba likichoka unalipumzisha, ndiyo au siyo? Mji nao upumzishwe. Miaka ishirini Ifakara ikae huku, miaka ishirini ihamie ng'ambo ya mto.

— Na kanisa? akauliza Spoku.

— Lihame.

— Na reli?

— Watu wa reli watajijua.

— Na duka langu? akadakia Twalib.

— Lile la shelfu mbili? Utalibeba kichwani.

Wote wakacheka isipokuwa Fulgensi. Yeye alisimama.

— Sikilizeni. Tukimaliza kahawa hii tunakwenda wote kwangu, tunang'oa zile mbao. Mchana huu mtaa unachota maji. Nani yuko na mimi?

Wote walikuwa naye. Spoku alikwishaingia ndani kutafuta nyundo alipotokea Klementina, mke wa jirani yao Viktor, na ndoo tupu mkononi. Aliolewa mtaani hapo mwaka jana tu, akitoka milimani Mahenge, na mmoja wa wale watoto sita alikuwa wake.

— Shikamooni.

— Marahaba, mwanangu, akaitikia Fulgensi. Mtoto anaendeleaje?

— Amelala. Hospitali wamesema anywe maji mengi, lakini kisima nimekuta kimefungwa.

— Tunakifungua sasa hivi.

Klementina hakushukuru. Alitazama chini kidogo, kama mtu anayeogopa kukosa adabu.

— Naomba kuuliza, baba. Kwetu milimani choo tunachimba chini, maji tunateka juu. Huku kote ni sawa, sioni juu wala chini. Kwako kilichokwenda chini zaidi ni kipi, kisima au choo?

Spoku akatoka na nyundo, akakuta watu wote wanamtazama Fulgensi.

Fulgensi hakuhitaji kwenda kupima. Kisima cha baba yake kilimfika kifuani, maana maji ya Ifakara yako karibu. Shimo la matofali elfu saba, ambalo sasa ndilo choo chake, lilimpita kichwa. Kati yake na kisima ni hatua kumi na moja. Na masika haya aliyaona maji ya choo yamepanda hadi karibu na magogo ya kukanyagia, akasema ni mvua tu, akarudi kulala. Hasira ilikuwa bado imemjaa, ila sasa hakuwa na mtu wa kumtupia.

— Choo, alisema. Chako je, Spoku? Twalib, chako?

Spoku akaitazama nyundo. Twalib hakuitaja Kilwa.

— Basi mimi nichote wapi? Klementina akauliza.

Tamimu alipoinamia birika lake na Spoku tairi lake, akaweka ndoo kichwani akashika njia ya mtoni, ambako mitaro yote ya mji inamwaga.

— Mwanangu, usichote huko! Fulgensi alipaza sauti.

Klementina akasimama, akageuka, akangoja aambiwe pengine.