Swali Lililobaki kwa Kalibu

Ndugu waombolezaji, kwa niaba ya familia nasimama mimi, dada yake mkubwa, kuwasomea maisha ya mdogo wangu, ambaye wengi wenu mlimjua kwa jina la Kalibu.

Alizaliwa tarehe 9 Machi 1971, mtoto wa nne wa fundi saa na mkunga, akaanza shule ya msingi nyuma ya nyumba yetu mwaka 1978, kisha sekondari ya bweni, na mwaka 1995 akahitimu masomo ya kompyuta katika chuo cha ufundi. Mwaka uliofuata aliajiriwa na maabara ya hospitali kuu, katika chumba kisicho na dirisha kando ya ngazi, na hakuhama tena.

Kazi yake ilikuwa kuandika programu zinazoandika programu nyingine, za kutolea majibu ya vipimo. Alinieleza kwa upole, kama ninavyowaeleza watoto wa darasa la kwanza, kwamba zipo lugha za kompyuta ambamo kalibu, yaani umbo tupu la kumiminia, hutengenezwa mapema na programu ikamiminwa humo kabla kazi haijaanza, na zipo nyingine ambamo programu hujitazama kama mtu kwenye kioo, ikajishonea kiraka nguo ikiwa bado mwilini. Yeye alitumia zote, na jina likamganda.

Tarehe 14 Desemba 2002 alifunga ndoa na muuguzi wa wodi ya watoto, wakajaliwa mabinti wawili. Mkewe alizoea kumtania mbele ya wageni, "Huyu mvivu kaifundisha mashine imfanyie kazi, yeye anywe chai," naye akicheka, "Mama watoto, chai nakunywa, lakini jicho liko kwake." Kweli hakuiamini kiasi cha kuiacha peke yake, hivyo kila programu yake ilipojiandika upya ilisimama na kumuuliza, "Kalibu, nimemaliza. Niwashe?" na bila jibu lake haikusogea.

Februari 2022 aliugua figo, akawa anaijibu akiwa kitandani, hadi alfajiri ya tarehe 3 Juni 2023 alipotutoka.

Asubuhi hiyohiyo maabara ilifungiwa kifaa kipya cha kupimia damu, programu yake ikaandika sehemu ya kukiendesha, ikauliza, ikangoja. Wenzake waliisoma, wakaikuta sahihi, na pembeni wakakuta vijineno vya mzaha kama alivyokuwa akiandika yeye, na hakuna aliyethubutu kujibu kwa jina lake. Mkewe alisema, "Iacheni. Ikiendelea kumuuliza, mimi bado nina mume." Lakini wodini kwake watoto walikuwa wakingoja majibu ya damu.

Leo asubuhi, kabla ya kuja hapa, mkewe alimwomba mkuu wa maabara amfungulie chumba, akaketi kwenye kiti cha mumewe, miguu haigusi sakafu, akaandika "Ndiyo." Majibu ya watoto yakaanza kutoka, na kwenye kioo cha kompyuta yakatokea maneno, "Asante, Kalibu. Nikuulize tena lini?" Akamwambia mkuu, "Shemeji, litoe jina lake," na likatolewa yeye akiwa ameshika ukingo wa meza.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi waliomhudumia, majirani waliolala nasi msibani, na wenzake wa maabara, ambao kuanzia leo wataulizwa wao.

Mdogo wangu, lala kwa utulivu. Hatukuulizi kitu tena.